Namna ya kumsaidia kijana aone jinsi simu, muziki na filamu vinavyomfinyanga

Nafundisha sekondari, na shuleni kwangu mimi ndiye mwalimu wa ushauri nasaha. Wazazi wanaobisha hodi ofisini huja na lalamiko moja lenye sura nyingi: mtoto kabadilika. Anaongea kama mtu wa kwenye video, kabadilisha mwendo na mavazi, hata kicheko chake si kile cha zamani. Kisha linafuata ombi: "Mwalimu, mwambie aachane na hiyo simu." Mimi simwambii. Ninachomwomba mzazi ni akae ubavuni mwa mwanawe, watazame pamoja anachokitazama, na wakitazame kwa utaratibu.

Mwongozo huu ni wa mzazi huyo, na wa mwalimu, shangazi, kaka au mlezi yeyote aliye tayari kuifanya kazi hiyo. Msimamo wangu nauweka wazi mapema. Muziki, filamu, michezo ya video na mitandao ya kijamii humfinyanga kijana kwa yale yanayorudiwa na yale yanayohesabiwa, zaidi ya ujumbe unaotamkwa waziwazi. Ndiyo maana mahubiri hayafiki mbali. Kijana akiuona mtambo wa mambo hayo ukifanya kazi, kwa macho yake mwenyewe, huanza kuuliza maswali ambayo hakuna mtu mzima aliyemfundisha.

Kabla hujaanza

Jua kwanza kijana anatafuta nini. Mwanasaikolojia Erik Erikson alieleza tangu 1950 kwamba kazi kubwa ya umri wa kubalehe ni kulijibu swali la "mimi ni nani?", na kwamba mtu asiyepata nafasi ya kulijibu hubaki na mkanganyiko. Kijana hulijibu kwa kujaribu. Leo yuko hivi, mwezi ujao yuko vile, mpaka apate kinachomkaa. Zamani mifano ya kujaribia aliipata kwa watu waliomzunguka: mjomba, jirani, mwalimu, wenzake wachache wa rika moja. Sasa mifano inamfuata mfukoni kwa maelfu, na mingi imetengenezwa na mtu mwenye kitu cha kuuza.

Kwa hiyo usimcheke kwa kubadilikabadilika. Kijana aliyegeuza mtindo wa nywele mara kadhaa mwaka huu anafanya kazi ya umri wake. Swali la kujiuliza ni kama anajaribu mambo mengi au amekwama kwenye sura moja anayoogopa kuiacha.

Jambo la pili: usianze siku ambayo mmegombana kuhusu simu. Atadhani ni upelelezi, na atakuwa na haki ya kudhani hivyo.

Omba kuonyeshwa

Kati ya "lete hiyo simu nione" na "hebu nionyeshe unachokipenda" kuna umbali mkubwa. Tumia ya pili. Simu abaki nayo yeye, kidole kinachosukuma skrini kiwe chake. Wewe njoo na karatasi na penseli.

Mwambie afungue mtandao anaoutumia zaidi na atazame video 20 za mwanzo bila kuchagua, zije kama zinavyokuja. Karatasi igawanywe safu tatu: nani anaonekana, anataka nini kwangu, nilijisikiaje ilipoisha. Anayeandika ni kijana. Wewe usisahihishe, usigune, usitingishe kichwa.

Safu ya pili huwachangamsha vijana, kwa sababu hapo ndipo wanagundua kwamba karibu kila mtu anataka kitu: nunua, nifuate, nihurumie, kubaliana nami, tazama hadi mwisho. Lakini safu ya tatu ndiyo yenye uzito. Nilikaa na msichana mmoja wa miaka 15 akawa anaandika "kawaida", "kawaida", mstari baada ya mstari. Katikati ya ukurasa akasimama, akarudi juu kwenye video ya kwanza kabisa, ya msichana wa umri wake akionyesha chumba chake cha kulala, akauliza kama anaruhusiwa kubadilisha. Nikampa kifutio. Akafuta "kawaida" akaandika "najiona mdogo". Kisha akarekebisha na nyingine, moja baada ya moja, bila mimi kusema neno.

Hiyo karatasi itunzeni. Rudieni zoezi baada ya mwezi na mzilinganishe.

Mwonyeshe mtambo

Vijana wengi wanajua neno algorithimu, yaani mtambo wa kompyuta unaochagua video zinazokujia, na wanalitaja kama watu wanavyoitaja hali ya hewa, kitu kilichopo tu. Wachache wamewahi kukiona kikigeuka mbele yao. Fanyeni hivi. Chagueni mada ambayo nyote wawili hamna habari nayo, kwa mfano ufugaji wa nyuki. Kijana aitafute, azitazame video za nyuki hadi mwisho, arudie moja au mbili, na nyingine zote azipite haraka. Muda si mrefu nyuki wataanza kumjia wenyewe, bila kuitwa.

Hapo ndipo pa kumweleza. Mtambo haumsomi kwa anachosema anakipenda. Unapima alipokaa: video aliyoimaliza, aliyoirudia, aliyomtumia rafiki, aliyoisimamisha kusoma maoni. Kisha muulize swali moja tu: kama umeaminika kuwa mfuga nyuki kwa muda mfupi hivi, mtambo unamdhania nani kijana anayekawia kwenye video za huzuni usiku wa manane? Au yule anayekawia kwenye video za watu wanaowakasirikia wanawake? Mtambo haujui kama ameumia au alikuwa anashangaa tu. Unajua kwamba hakuondoka, basi unamletea nyingine inayofanana, na nyingine. Baada ya miezi kadhaa anaamini dunia nzima inazungumza jambo hilo, na kwamba yeye ni mtu wa jambo hilo.

Mwambie pia kwamba ukurasa usio na mwisho, ule unaoendelea kuleta vitu kila unaposukuma skrini, ulibuniwa na mtu. Aza Raskin aliutengeneza mwaka 2006, na baadaye akasema hadharani kwamba anajutia. Nalisema hili kwa makusudi kwa sababu vijana wengi wanajiona dhaifu kwa kushindwa kuweka simu chini. Wanahitaji kujua kwamba mahali pa kukomea paliondolewa na mtu mzima aliyekuwa kazini.

Zoezi la laiki

Facebook ilianza kuweka kitufe cha laiki mwaka 2009. Vijana ninaowafundisha hawajawahi kuishi katika dunia ambayo picha ya mtu haina namba chini yake, na hapa nataka tukae kidogo.

Mwaka 2016 watafiti wa Chuo Kikuu cha California, Los Angeles, walichapisha utafiti wa vijana 32 wa miaka 13 hadi 18. Vijana walionyeshwa picha, zikiwemo zao wenyewe, wakiwa ndani ya mashine inayopiga picha za ubongo, wakaambiwa kwamba laiki zinazoonekana zimetolewa na vijana wenzao. Ukweli ni kwamba namba zilipangwa na watafiti. Picha ileile iliyoonekana na laiki nyingi ilipata laiki zaidi kutoka kwao kuliko ilipoonekana na laiki chache. Na kijana alipoona picha yake mwenyewe ina laiki nyingi, sehemu ya ubongo inayohusika na furaha ya kupata tuzo ilichangamka.

Huna haja ya mashine kulifanya hili darasani au sebuleni. Chukua picha moja ya kawaida, chapisha nakala mbili. Chini ya moja andika laiki 7, chini ya nyingine 4,000. Wape makundi mawili yasiyoonana, kila mtu aipe picha alama kati ya 1 na 10 na aeleze kwa sentensi moja aliye kwenye picha ni mtu wa namna gani. Kisha wasomeane kwa sauti. Mara nyingi yule wa 4,000 anakuwa "anajiamini", na yule wa 7 anakuwa "anajilazimisha". Ni mtu yuleyule, nguo ileile, tabasamu lilelile. Huwa nanyamaza hapo niwaache wabishane.

Baada ya hapo uliza, kwa upole na si mbele ya kundi: kuna kitu ulichokipenda ukakifuta kwa sababu hakikupata laiki? Karibu wote wana kitu. Mchoro. Shairi. Picha aliyocheka hadi macho yakafumba. Wimbo aliouimba mwenyewe. Sijapata swali linalofungua mlango kuliko hili. Kijana anayefuta vitu hivyo na kubakiza vilivyopigiwa makofi anajihariri kwa kura za watu asiowajua, na baada ya muda hata yeye akitafuta mambo anayoyapenda, anakuta yamebaki yale yaliyoshinda kura. Mwombe akitafute kimoja kati ya vilivyofutwa, akirudishe mahali popote, hata ukutani chumbani kwake.

Tangu 2021 Instagram inamruhusu mtumiaji kuficha idadi ya laiki. Pendekeza ajaribu kwa wiki mbili, kisha aamue mwenyewe. Wapo wanaosema wamepumua, wapo wanaosema hawakuona tofauti, na majibu yote mawili yana maana.

Mwili

Kuna utafiti mmoja ninaouheshimu sana katika jambo hili. Mwaka 1995 televisheni ilikuwa ndiyo kwanza imeingia eneo la Nadroga nchini Fiji, mahali ambapo mwili ulionawiri ulikuwa ndio unaosifiwa. Anne Becker, daktari na mwanaanthropolojia, aliwapima wasichana wa sekondari mwaka huo, kisha akawapima wengine wa rika hilo mwaka 1998. Walioonyesha dalili za kuharibika kwa uhusiano wao na chakula walikuwa asilimia 12.7 mwanzoni, miaka mitatu baadaye walikuwa asilimia 29.2. Makundi yenyewe yalikuwa madogo, na sidai televisheni ndiyo iliyofanya kila kitu. Lakini wasichana wenyewe walieleza kwa vinywa vyao kwamba walitaka kufanana na wanawake waliowaona kwenye skrini.

Zoezi lake ni jepesi. Kijana ajipige picha nyingi mfululizo, pembe zote, mwanga wa aina zote, na asifute hata moja. Achague ile ambayo angeiposti. Aitie filta anayoitumia siku zote. Sasa wekeni hiyo moja katikati ya zote zilizobaki na muulize: watu wa mtandaoni wanaziona zipi za wenzako? Nchini Norway, tangu Julai 2022, tangazo lenye picha ya mtu aliyebadilishwa umbo, ukubwa au ngozi lazima liwe na alama ya kusema hivyo. Wenzake hawana sheria inayowabana, kwa hiyo alama hiyo ajifunze kuiweka mwenyewe kichwani.

Wavulana msiwasahau. Watu wazima tunapozungumza habari za mwili tunawatazama wasichana peke yao, na wavulana wanabaki na kifua, mabega, kimo na ndevu zao wakiteseka kimyakimya. Mvulana ukimuuliza "unajionaje?" atasema yuko poa. Muulize badala yake ni video gani ya mazoezi anayoifuata, na yule anayeitengeneza anauza nini. Ataongea.

Staa wake

Usimtukane staa wake. Mwaka 1956 watafiti Donald Horton na Richard Wohl walieleza jinsi mtazamaji anavyojenga urafiki wa upande mmoja na mtangazaji, akahisi anamfahamu. Leo staa anaamka, anapiga mswaki, analia na kujibu maoni mbele ya kamera, kwa hiyo urafiki huo umeota mizizi zaidi. Unapomwita staa mhuni, kijana anasikia umemwita yeye, na mazungumzo yameishia hapo.

Muulize alianza kumpenda lini, na wakati huo nyumbani au shuleni kulikuwa na nini. Majibu hushangaza. Wengi walimpata staa wao katika kipindi cha upweke, cha kuhama shule, cha wazazi kutengana. Kisha muulize: kipi chake umekichukua, kipi umekiacha? Stuart Hall, mwanazuoni wa utamaduni nchini Uingereza, aliandika mwaka 1973 kwamba mpokeaji anaweza kuukubali ujumbe kama ulivyo, kupatana nao kwa kuchukua hiki na kukataa kile, au kuupinga. Vijana hufanya la katikati kila siku na hakuna anayewapongeza. Mvulana mmoja alikuwa anaimba ukumbini wimbo alioukariri wote, ila kila ulipofika mstari wa kuwadhalilisha wanawake alifunga mdomo na kuguna sauti za ala, kisha akaendelea. Nilimuuliza kwa nini. Akasema, "Mwalimu, mimi nina dada." Kijana huyo alikuwa anafanya uhakiki bila kuambiwa na mtu. Ukiona jambo kama hilo lisifie papo hapo, kwa jina lake.

Asiyeonekana

Tazameni sehemu moja ya tamthilia anayoipenda, sauti ikiwa imezimwa, na mhesabu: nani anatoa amri, nani anabeba mizigo, nani anachekwa, nani mlemavu na anafanya nini, nani mnene na anafanya nini. Kisha washeni sauti msikilize lafudhi ya nani inatumika kuchekesha. Kijana ambaye mtu wa kufanana naye hutokea kwa ajili ya kuchekwa tu hujifunza kujicheka kabla hajachekwa. Mkimaliza kuhesabu, tafuteni kwa makusudi kazi moja ambayo mtu kama yeye ana akili, ana makosa, ana mapenzi, ana hadithi nzima.

Mpe kamera

Kama una nafasi ya zoezi moja tu, fanya hili. Vijana wawili wamrekodi mwenzao mmoja, kwa ridhaa yake, kwa siku moja ya kawaida: vipande vya sekunde 3 hadi 5, asiigize chochote. Jioni wakate vipande hivyohivyo kwa programu yoyote ya bure ya kuhariri, watoe video mbili za dakika moja. Ya kwanza imwonyeshe kama mpweke. Ya pili imwonyeshe kama mtu anayependwa na kila mtu. Hawaruhusiwi kuongeza kipande wala kumwekea maneno mdomoni. Wana uwezo wa kuchagua, kupanga na kuweka muziki, basi.

Nakumbuka kipande kimoja: msichana anatazama dirishani, nyuma yake mwenzake anatoka mlangoni. Kwa kinanda cha taratibu, alikuwa mtu aliyeachwa. Kwa ngoma, na kipande cha marafiki wakicheka kikiwekwa mara baada yake, alikuwa anasubiri wageni wake. Sekunde zilezile nne. Mwenye sura hiyo alitazama zote mbili akasema, "Na mimi hapo nilikuwa naangalia kama mvua imekatika."

Video hizo ni mali ya aliyerekodiwa. Akitaka zifutwe, zifutwe siku hiyohiyo, na asiyekubaliana na sharti hilo asishike kamera.

Mengine, kwa ufupi

Zimeni arifa zote isipokuwa za watu halisi wanaomtafuta. Simu zilale nje ya vyumba, zikiwemo za watu wazima. Mitandao mingi imeweka umri wa kuanzia miaka 13, kwa kufuata sheria ya Marekani ya 1998 ya kulinda taarifa za watoto. Australia imekwenda mbele zaidi na tangu Desemba 2025 imezuia akaunti za walio chini ya miaka 16 katika mitandao mikubwa.

Ukiona hali hizi, acha mazoezi yote na umpeleke kwa daktari au mwanasaikolojia bila kusubiri: hataki kula, hapati usingizi, anajikata, anasema haoni haja ya kuishi. Akiwa anatishiwa kwa picha zake, usifute ujumbe wowote, ni ushahidi, na umwambie hata mara tatu kwamba kosa ni la anayemtishia.

Na kijana akikataa kabisa kukuonyesha simu yake? Muonyeshe yako. Fungua, tazama video zako 20 za mwanzo, naye ndiye ajaze safu mbili za kwanza kwa niaba yako, ya tatu ujaze wewe kwa ukweli mtupu. Akikataa na hilo, usimsumbue kila siku. Rudi baada ya wiki mbili hivi ukianza na swali juu ya wimbo au mchezo mmoja unaojua anaupenda, na uwe umeusikiliza au umeucheza mwenyewe kabla ya kumfuata.